STAA ALIYEKALIA KITI CHA MWONGOZAJI MARA MOJA TU: STORI YA ANSA IKONEN WA UFINI

Ansa na Tauno. Kwa Wafini waliokulia kwenye filamu za zamani, majina haya mawili yanakwenda pamoja kama chai na maandazi: ukitaja la kwanza, la pili linajileta lenyewe. Tauno Palo alikuwa mwanaume wa ndoto, na Ansa Ikonen ndiye binti ambaye nchi nzima ilitaka ampate.

Sasa kuna kitu kwenye CV ya Ansa ambacho watu wengi wanakipita haraka. Mwaka 1944, vita ikiwa bado inaendelea, dada huyu alitoka mbele ya kamera, akahamia nyuma yake na kuongoza filamu nzima kama dairekta. Filamu moja. Halafu basi.

Hiyo "halafu basi" ndiyo stori yenyewe. Kwa sababu ukiichimba kidogo, unakuta si ya Ansa peke yake.

ALITOKEA WAPI?

Ansa alizaliwa tarehe 19 Desemba 1913 mjini Saint Petersburg, ambao wakati ule ndio ulikuwa mji mkuu wa milki ya Urusi. Usishangae. Ufini yenyewe, nchi ya baridi kali kule kaskazini mwa Ulaya kati ya Uswidi na Urusi, ilikuwa bado iko chini ya milki hiyo. Ilikuja kujitangazia uhuru tarehe 6 Desemba 1917, Ansa akiwa hajatimiza hata miaka minne.

Mwaka uliompaisha ni 1935. Kampuni ya Suomi-Filmi ilikuwa inatafuta sura mpya kwa ajili ya filamu ya mapenzi na vichekesho, Kaikki rakastavat, yaani "Kila Mtu Anapenda". Mwongozaji alikuwa Valentin Vaala, kijana wa miaka ishirini na ushee aliyekuwa na jicho la kugundua vipaji. Ansa akiwa na miaka 21 akapewa nafasi, na aliyewekwa pembeni yake ni Tauno Palo, kaka mmoja mrefu, sauti nzuri, tabasamu la kuua. Mchezo ukaishia hapo. Watazamaji wakawapenda wote wawili, na zaidi wakapenda jinsi walivyokuwa wanajibizana.

Hii ya kujibizana ina maana yake. Kwenye vichekesho vya Vaala vya miaka ile, mwanamke hakuwa wa kukaa dirishani akilia akimsubiri bwana. Alikuwa wa mjini, ana ulimi, ana akili, na mara nyingi yeye ndiye anayeuendesha mchezo huku mwanaume akidhani anaendesha yeye. Ansa alizaliwa kwa ajili ya nafasi za aina hiyo. Mwaka 1936 wakaja na Vaimoke, neno la Kifini la kumwita mke kwa utani na mahaba. Mwaka 1937 ikafuata Koskenlaskijan morsian, "Bibi Harusi wa Mshuka Maporomoko", hadithi ya mapenzi na chuki ya majirani kando ya mto wenye maji ya hatari. Kwa hiyo alikuwa anachekesha, na ikibidi analiza pia.

Na kumbuka, filamu haikuwa kazi yake pekee. Mwaka huohuo wa 1935 aliingia kwenye Jumba la Taifa la Maigizo la Helsinki, na huko jukwaani akafanya kazi kwa miaka mingi. Ndivyo ilivyokuwa kwa waigizaji wengi wa Kifini: mchana na kiangazi kamera, usiku na kipupwe jukwaa.

KAPO ILIYOTIKISA NCHI

Miaka michache baadaye kapo hii ikawa inafanya kazi na kampuni pinzani, Suomen Filmiteollisuus, ambayo watu waliiita SF kwa kifupi. Bosi wa hapo alikuwa T.J. Särkkä, mtu aliyetokea benki na aliyeendesha studio kama kiwanda. Filamu zinatoka, nyingine ziko jikoni, nyingine zinaandikwa. Hakuna kulala.

Mwaka 1940 ikatoka SF-paraati, filamu ya muziki iliyouonyesha mji wa Helsinki ukiwa umependeza, Ansa akiwa mwongoza watalii na Tauno dereva wa teksi. Wakati inapigwa picha Helsinki ilikuwa inajiandaa kuwa mwenyeji wa Olimpiki ya 1940. Lakini tarehe 30 Novemba 1939 majeshi ya Kisovieti yakavamia, na Olimpiki ikafutwa. Helsinki ilisubiri hadi 1952 kuipata tena.

Halafu Januari 1941, kwenye kile kipindi kifupi cha utulivu kati ya vita moja na nyingine, likaangushwa bomu lenyewe: Kulkurin valssi, "Waltzi ya Mzururaji". Baroni mmoja anamuua mwana wa mfalme kwenye pambano la heshima huko Saint Petersburg, anakimbilia Ufini akijifanya mzururaji, anapita kwenye sarakasi, anaishia kufanya kazi kwenye jumba la matajiri na kumpenda binti wa pale. Baroni ni Tauno. Binti ni Ansa. Mpaka leo ni moja ya filamu zilizotazamwa zaidi katika historia ya nchi hiyo, na ilitoka wakati Ufini nzima haikuwa na watu hata milioni 4.

Kama unavyojua mashabiki, wakishapenda kapo ya kwenye skrini wanataka na ndoa ya kweli. Haikutokea. Ansa aliolewa na mwigizaji mwenzake wa jukwaani, Jalmari Rinne, aliyemzidi umri kwa miaka mingi. Jalmari ni kaka wa familia moja na Joel Rinne, yule aliyekuja kuwa Inspekta Palmu kwenye filamu za upelelezi za miaka ya 1960. Binti yao, Katriina Rinne, naye akaingia kwenye uigizaji. Tauno alikuwa na ndoa yake. Kazini kapo, nyumbani kila mtu na kwake.

KABLA YA KUENDELEA, RUDI NYUMA HADI 1907

Ili uone uzito wa alichokifanya Ansa, lazima ujue namba mbili za mwaka 1907.

Mwaka 1906 wanawake wa Ufini walipata haki ya kupiga kura na kugombea ubunge, kabla ya wenzao wa nchi nyingine yoyote ya Ulaya. Uchaguzi wa 1907 ulipofanyika, wanawake 19 wakaingia bungeni. Ndio wabunge wanawake wa kwanza duniani.

Mwaka huohuo wa 1907 ikaonyeshwa filamu ya kwanza ya kuigiza ya Kifini, Salaviinanpolttajat, kuhusu watu wanaopika pombe haramu msituni. Yaani gongo ndiyo iliyofungua sinema ya Kifini.

Sasa piga hesabu. Mbunge mwanamke na filamu ya kuigiza vimezaliwa mwaka mmoja. Bungeni mwanamke alikuwepo tangu siku ya kwanza. Kwenye kiti cha mwongozaji wa filamu ndefu ya kuigiza, ilibidi isubiriwe miaka 29, mpaka 1936, Glory Leppänen alipoongoza Onnenpotku, "Bahati Imegonga". Glory alikuwa mwigizaji wa jukwaani, na mama yake alikuwa Aino Ackté, mwimbaji wa opera aliyejulikana Ulaya nzima. Kwa maneno mengine, hata huyo wa kwanza alikuja na jina kubwa la familia mgongoni.

Na baada ya Onnenpotku? Glory akaendelea na maigizo ya jukwaani. Filamu nyingine ndefu hakuongoza.

VITA, GIZA NA FOLENI YA SINEMA

Mpaka 1944 Ufini ilikuwa imechoka. Vita ya pili dhidi ya Umoja wa Kisovieti ilianza Juni 1941 na ilikuwa bado inaendelea. Februari 1944 Helsinki ilishambuliwa kwa mabomu kutoka angani mara tatu ndani ya mwezi mmoja. Wanaume walikuwa mstari wa mbele. Wanawake walikuwa viwandani, mashambani, hospitalini, maofisini.

Na starehe je? Hapa pana kitu cha kushangaza. Dansi za hadharani zilipigwa marufuku. Serikali iliona si heshima watu wacheze muziki wakati vijana wanakufa mpakani, na vizuizi vya aina hiyo viliendelea kuwepo kwa namna fulani hadi 1948. Disko hakuna, harusi za kelele hakuna. Kilichobaki ni sinema. Kwa saa moja na nusu mtu anakaa gizani, anamsahau adui, anacheka, anarudi nyumbani. Studio zilikuwa na uhaba wa kila kitu, kuanzia mikanda ya kupigia picha hadi mafundi, lakini watazamaji walikuwepo tele.

Kwenye mazingira hayo ndipo SF ikampa Ansa Ikonen, miaka 30, staa wao mkubwa wa kike, kazi ya kuongoza.

"MWANAMKE NI TURUFU"

Filamu ilikuwa kichekesho kinachoitwa Nainen on valttia. Kwa waliocheza karata, tafsiri yake ni tamu kabisa: "Mwanamke ni Turufu". Yaani ile karata ikitua mezani, nyingine zote zinanyamaza.

Jina hilo ukilisoma leo kama limewekwa makusudi. Nchi ambayo miaka yote ya vita imebebwa na wanawake, kwenye filamu inayoongozwa na mwanamke, inawaambia watazamaji kwamba mwanamke ndiye karata kubwa. Na aliyekaa kwenye kiti si mgeni wa kubahatisha. Kwa karibu miaka kumi Ansa alikuwa amesimama mbele ya kamera za Vaala na wenzake. Alijua mwanga unapiga wapi, alijua kichekesho kinakufa mwigizaji akichelewa nusu sekunde, alijua jinsi ya kuongea na waigizaji kwa sababu yeye ni mmoja wao. Ilikuwa shule ambayo hakuna chuo kingempa.

Mwaka huohuo wa 1944 ndipo tuzo za Jussi zilipoanza, tuzo kubwa za filamu za Ufini hadi leo. Septemba vita ikasimama. Tasnia ikaingia miaka ya amani ikiwa na studio zinazofanya kazi na watu wenye hamu ya burudani. Kama kuna wakati staa aliyekwisha kuongoza filamu angeitwa tena, ndio huo.

Hakuitwa. Ansa akarudi mbele ya kamera na jukwaani, akaendelea kuigiza miaka na miaka. Nainen on valttia ikabaki filamu yake pekee kama mwongozaji.

MOJA, MOJA, MOJA

Hapo unaweza kusema, labda hakupenda kazi ile. Labda aliona bora aigize. Inawezekana kwa mtu mmoja. Lakini angalia orodha.

Glory Leppänen, 1936: filamu moja.
Ansa Ikonen, 1944: filamu moja.
Ritva Arvelo, 1961: filamu moja, Kultainen vasikka, "Ndama wa Dhahabu". Na Ritva naye alikuwa mwigizaji.

Hao watatu ndio wanawake walioongoza filamu ndefu za kuigiza katika zama zote za studio kubwa za Ufini. Watatu, filamu tatu, ndani ya miaka 25. Kwa upande wa pili, Valentin Vaala peke yake aliongoza filamu zaidi ya 40. Särkkä, bosi wa SF, aliongoza karibu 50 na kutayarisha zaidi ya 200. Je, zote zilikuwa kali? Haiwezekani. Wanaume hawa walitoa hit, wakatoa za kawaida, wakaboronga, na Jumatatu wakarudi kazini kuanza nyingine. Ndivyo mwongozaji anavyokomaa. Ya kwanza unajifunza, ya tano unaanza kuelewa, ya kumi unakuwa wewe.

Mwanamke alipewa ya kwanza. Ya pili haikuwepo.

Ukiitazama kwa jicho la biashara, unaona sababu moja iliyo wazi. Sura ya Ansa ndiyo iliyouza tiketi. Ukimweka nyuma ya kamera, sura hiyo haionekani. Mwenye studio anayehesabu viti angeuliza: kwa nini nimchukue karata yangu ya turufu nimfiche? Umaarufu wake ndio uliomfungulia mlango, na umaarufu huohuo ukawa sababu nzuri ya kumrudisha alikotoka. Mwongozaji mwanaume hakuwa na mtego huo, kwani hakuna aliyenunua tiketi ili aone uso wa Särkkä.

Kuna mwingine ambaye jina lake linafaa kutajwa hapa: Mirjami Kuosmanen. Mwaka 1952 aliigiza kama nyota wa Valkoinen peura, "Paa Mweupe wa Theluji", kuhusu mwanamke wa Lapland anayegeuka kuwa kulungu mweupe na kuwaangamiza wawindaji. Skripti aliiandika yeye na mume wake, Erik Blomberg. Filamu ikashinda tuzo Cannes mwaka 1953, kwenye jopo lililoongozwa na Jean Cocteau. Kwenye nafasi ya mwongozaji jina ni moja: la mume.

WENGINE WALIVUKAJE?

Usidhani ni tatizo la Wafini tu. Tofauti inaonekana vizuri ukiwaweka pembeni ya Ansa mastaa wengine wawili wa enzi hizohizo.

Ida Lupino, mzaliwa wa Uingereza aliyekuwa staa Hollywood, alianza kuongoza mwaka 1949, miaka mitano baada ya Ansa. Kufikia 1953 alikuwa na filamu kadhaa, ikiwemo The Hitch-Hiker. Alifanyaje? Yeye na mume wake walifungua kampuni yao wenyewe. Hakukuwa na bosi wa kusubiri simu yake.

Kinuyo Tanaka wa Japani, staa mkubwa kuliko wengi, aliongoza filamu yake ya kwanza mwaka 1953. Kenji Mizoguchi, mwongozaji aliyemtumia kwenye kazi zake kubwa, alipinga wazo hilo. Lakini Mikio Naruse alikuwa amemruhusu ajifunze kazi kama msaidizi wake, na Yasujiro Ozu akamwachia skripti aliyoiandika, ikawa filamu yake ya pili. Tanaka alimaliza na filamu sita.

Umeona? Ida alikuwa na mlango wake. Kinuyo alikuwa na wakubwa waliomshika mkono hadi ya pili, na ya pili ikazaa ya tatu. Ansa aliwatangulia wote wawili kwa miaka, ana kipaji, ana jina, ana uzoefu. Alichokuwa nacho ni mlango wa studio ya mtu mwingine, na mlango huo ulifunguliwa mara moja.

MWISHO WA STUDIO

Zama zile nazo zikaisha. Televisheni ikaingia majumbani, waigizaji wakagoma kuanzia 1963 hadi 1965, na mwaka 1965 SF ikafilisika. Mwaka 1969 ukaanzishwa Mfuko wa Filamu wa Ufini, unaotoa ruzuku kwa watengenezaji wa filamu. Maana yake ni kwamba mwongozaji hakulazimika tena kusubiri bosi mmoja aamke vizuri. Taratibu mambo yakaanza kubadilika. Mwaka 1980 ikatoka Tulipää, iliyoongozwa na Pirjo Honkasalo pamoja na Pekka Lehto, ambayo ilishindanishwa Cannes, na Pirjo hakuishia hapo. Aliendelea kuongoza kwa miongo kadhaa. Mwaka 2020 Zaida Bergroth akatoka na Tove, kuhusu maisha ya msanii Tove Jansson, na hiyo haikuwa filamu yake ya kwanza wala ya pili. Hapo kwenye "wala ya pili" ndipo penye ushindi.

Ansa Ikonen alifariki Helsinki tarehe 23 Mei 1989, akiwa na miaka 75. Tauno alikuwa ametangulia mwaka 1982. Filamu zao bado zinaonyeshwa kwenye televisheni ya Ufini, na vizazi vipya bado vinajikuta vikishangilia ile kapo ambayo haikuwahi kuwa kapo.

Lakini siku ukikutana na jina lake mahali, usiishie kwenye mapenzi na Tauno. Kumbuka pia ule mwaka wa mabomu, dansi imefungwa, na dada wa miaka 30 amesimama nyuma ya kamera akisema "ekshen". Na ukisikia mahali popote watu wanasherehekea "mwanamke wa kwanza" kufanya kitu fulani, piga makofi, halafu uliza swali linalofuata: ya pili anapewa lini?

Wewe unaonaje? Kwa mastaa unaowafuatilia leo, nani amepewa nafasi moja tu ya kuongoza halafu kimya? Mtaje hapo chini.